Buibui Anasingiziwa: Alama Nne Katika Nyumba Moja ya Langoni

BARUA

Assalamu alaikum, Bi Muuguzi. Shikamoo.

Nakuandikia kutoka Langoni, hapa Lamu, nikiwa na wasiwasi ambao umeninyima usingizi. Tangu mvua za mwaka zianze, nyumbani kwangu kumeingia maradhi ya ngozi ambayo majirani wote wanayapa jina moja tu, nalo ni buibui. Nyumba yetu ni ya kale, ya matumbawe na boriti za mikoko, yenye zidaka ukutani na pembe nyingi zisizofikiwa na ufagio, na buibui wamo kweli, hilo silikatai.

Wa kwanza ni kijana wangu wa miaka 9. Yeye hudurusu masomo yake baada ya Isha akiwa karibu na taa, na dirisha huwa wazi kwa sababu ya joto. Jumamosi aliamka akilia kwamba shingo inamchoma kama aliyemwagikiwa na maji ya moto. Nilipomtazama niliona mstari mwekundu unaoanzia chini ya sikio na kushuka hadi kwenye mtulinga, upana wake kama njiti mbili za kiberiti zilizolazwa pamoja, na juu yake vilengelenge vyenye maji ya manjano. Pia mkono wake wa kulia, pale kiwiko kinapokunjika, una alama mbili zinazofanana, moja upande wa juu na nyingine upande wa chini. Jirani alisema mtoto amekojolewa na buibui na akanipa ndimu nimpake. Nilimpaka, kisha akaenda kucheza juani na wenzake. Siku zilizofuata ngozi ilizidi kuwa nyeusi na maumivu yakaongezeka.

Wa pili ni mume wangu, ambaye mikono na mgongo wake vina vipele vinavyowasha sana, vimejipanga safu kama tasbihi. Tunalala kitanda kimoja, kitanda cha kamba tulichokinunua kwa mtu miezi miwili iliyopita, nami sina hata kipele kimoja. Wa tatu ni wifi yangu, aliyekuja kututembelea na kushinda siku kadhaa ufukweni Shela; kwenye wayo wake kuna uzi mwekundu ulioinuka, na naapa kwamba kila siku uzi huo unasogea.

Wa nne ni mavyaa wangu. Ana umri wa miaka 67 na ana ugonjwa wa sukari. Siku tano zilizopita alianza kuvimba kwenye shavu la mguu, naye anasema buibui alimuuma usingizini, ingawa hakuna aliyemwona. Sasa uvimbe ni mkubwa kama yai la kuku, wekundu umetambaa kuuzunguka, pana joto, na usiku wa jana alitetemeka kwa homa. Mzee mmoja ameshauri pachanjwe kwa wembe ili sumu itoke. Mavyaa amekubali, lakini mume wangu anasita.

Naomba unieleze, huyu ni buibui wa aina gani, na je, ninunue dawa ya kunyunyiza nyumba nzima?

Mama wa watoto watatu, Langoni

JIBU

Wa alaikum salaam, mwanangu, na marahaba.

Barua yako imeanza na mtoto kwa sababu ndiye aliyelia. Mimi nitaanza na mavyaa wako, kwa sababu hatari iko kwake. Siku ile ile nilipoipokea barua nilikutumia ujumbe kwamba apelekwe hospitalini bila kungoja kesho na kwamba wembe urudishwe ulikotoka. Narudia hapa maelezo yake kwa urefu kwa ajili yako na kwa ajili ya wasomaji wengine ambao wana wazee nyumbani.

Uvimbe wenye joto, wenye maumivu yanayoongezeka, unaozungukwa na wekundu unaotambaa, pamoja na homa ya kutetemeka, ni dalili za bakteria walioingia ndani ya ngozi. Bakteria wanaosababisha majipu huishi juu ya ngozi na puani mwa watu wengi wenye afya bila kuwadhuru, kisha hupata njia kupitia mkwaruzo mdogo, kipele kilichokunwa au ufa wa kisigino, na mwenyewe hakumbuki kuumia popote. Anapoamka na uvimbe asioujua chanzo chake hutafuta wa kumlaumu, na macho yake huenda moja kwa moja kwenye utando ulio juu ya kitanda. Jambo hili si la Lamu peke yake. Hata Marekani, ambako wako buibui ambao sumu yao kweli inaweza kuozesha ngozi, madaktari wamekuta mara nyingi kwamba kidonda kilichosemwa kuwa ni cha buibui kilikuwa jipu la bakteria.

Kwa mtu mwenye sukari, jambo hilo huwa zito maradufu. Sukari ikiwa juu, kinga ya mwili hupungua nguvu na damu hufika kwa shida miguuni, na wakati huo huo maambukizo yenyewe huipandisha sukari zaidi, kwa hiyo kila moja linalisha jingine. Kumchanja mzee kama huyo kwa wembe ni kufungua mlango wa pili kwa bakteria, achilia mbali kwamba wembe uliokwisha kutumiwa na mtu mwingine unaweza kuleta virusi vya homa ya ini au vya Ukimwi. Hospitalini watampima sukari, watampa antibayotiki inayofaa, na ikiwa usaha umekusanyika watalipasua jipu kwa vifaa safi na ganzi. Kabla ya kuondoka nyumbani, chukua kalamu ya wino, uzungushe mstari kwenye mpaka wa wekundu na uandike saa pembeni yake. Mhudumu atakayempokea ataona papo hapo kama wekundu umevuka mstari na kwa muda gani, na habari hiyo itamfaa kuliko maelezo ya kukisia.

Sasa nirudi kwa kijana wetu. Siwezi kumchunguza mtoto kwa barua, lakini umeniandikia jambo moja ambalo karibu lijibu swali lenyewe. Umesema kwamba mkunjo wa kiwiko una alama mbili zinazofanana, moja juu na moja chini. Mwambie akunje mkono wake polepole mbele yako, uone kama alama hizo zinagusana na kulingana kama muhuri na karatasi yake. Zikilingana, basi hakuna aliyemuuma mara mbili. Kilichotokea ni kwamba kitu chenye sumu kilipondwa upande mmoja wa ngozi, kisha mkono ulipokunjwa usingizini sumu ile ikapakwa upande wa pili. Ule mstari wa shingoni nao una maelezo hayo hayo: mtoto alihisi kidudu kinamtembea, akakifuta kwa kiganja akiwa nusu macho, na kiganja kikaburuta sumu kutoka sikioni hadi mtulingani. Mdudu anayeuma huacha nukta; mstari mrefu kama huo huchorwa na mkono wa mwenyewe.

Mdudu huyo Wakenya wengi humwita Nairobi fly, ingawa si nzi wala si wa Nairobi peke yake. Ni jamii ya mbawakawa, mwembamba kama sisimizi mrefu, urefu wake milimita 7 hadi 10. Kichwa chake ni cheusi, kifua ni chekundu kinachoelekea rangi ya chungwa, katikati ana mbawa fupi ngumu za buluu au kijani kinachong'aa, kisha tumbo jekundu linaloishia na ncha nyeusi, ambalo huliinua juu anapotishwa. Hana mwiba wa kuchomea, na wala hamuumi mtu. Damu yake ndiyo yenye sumu, iitwayo pederini, na mtu hudhurika pale tu anapomponda juu ya ngozi. Sumu hiyo huzuia chembe za ngozi kutengeneza protini zake, na kwa kuwa kazi hiyo huchukua muda, mtu hahisi kitu chochote wakati wa kumponda. Moto huanza baada ya saa 12 hadi 48. Ndiyo maana mtoto hulala mzima na kuamka analia, na ndiyo maana buibui asiye na hatia akapewa kesi: wakati maumivu yanapoanza, mdudu mwenyewe alikwisha kufutwa na kusahauliwa, na aliyebaki kuonekana ni buibui wa ukutani.

Wadudu hawa huzaliana kwenye udongo wenye unyevu na majani yanayooza, huongezeka mvua zinapokuwa nyingi, na usiku hufuata taa. Wanaokumbuka mvua za El Nino za mwaka 1997 na 1998 watakumbuka pia jinsi watu walivyojaa malengelenge nchini. Dirisha lililo wazi, taa inayowaka, na mtoto aliyeinamia daftari chini yake, vyote umevitaja mwenyewe. Nenda ukatazame chini ya taa ile na kwenye kizingiti cha dirisha asubuhi. Sitashangaa ukiwakuta wawili watatu wamelala hapo.

Hilo la kukojolewa na buibui nimelisikia tangu nikiwa mtoto, na sikulaumu kwa kumwamini jirani, kwa maana alikuwa anakusaidia. Buibui hamkojolei mtu malengelenge. Mara nyingi anayeambiwa hivyo amemponda mdudu huyu, au ana mkanda wa jeshi, ambao ni ugonjwa wa virusi vile vile vya tetekuwanga. Mkanda wa jeshi hutoka upande mmoja tu wa mwili na kufuata njia ya mshipa wa fahamu, na aghalabu maumivu hutangulia vipele kwa siku kadhaa. Ni muhimu kuutambua, kwa sababu dawa yake hufanya kazi vizuri zaidi ikianzwa ndani ya siku 3 tangu vipele vitokee.

Ndimu ndiyo iliyonihuzunisha katika barua yako. Maji ya ndimu yana kemikali ambazo zikipigwa na jua juu ya ngozi huichoma, hata ngozi nzima isiyo na jeraha. Wauza maji ya ndimu na wapishi wa hotelini wanaokamua ndimu kisha wakasimama juani huifahamu hali hiyo, mikono yao ikageuka mabaka meusi yasiyofutika kwa wiki nyingi. Kwa hiyo sehemu ya weusi na maumivu unayoyaona sasa huenda imetokana na ndimu na jua juu ya ngozi iliyokuwa tayari imeungua. Mwoshe kwa maji na sabuni isiyo kali, umvalishe shati lenye kola au umtandie kitambaa chepesi anapotoka nje, na usimpake kitu kingine cha jikoni: si chumvi, si dawa ya meno, si majivu, si mafuta ya taa.

Matibabu yake ni mepesi. Mwekee kitambaa safi kilicholowekwa kwenye maji baridi kwa dakika 10 hadi 15, mara kadhaa kwa siku. Losheni ya kalamini hutuliza mwasho pale ambapo ngozi haijachubuka. Mfamasia au mhudumu wa zahanati anaweza kumpa krimu hafifu ya haidrokotisoni na dawa ya mzio kwa kipimo cha umri wake. Usiyapasue malengelenge, na umkate kucha. Majimaji yaliyo ndani ya lengelenge hayaambukizi mtu mwingine. Sumu inayoenea ni ile iliyobaki vidoleni na kwenye foronya, ndiyo maana mikono, shuka na nguo alizolalia lazima zifuliwe. Jambo la kuogopa ni jicho. Akilifikicha kwa kidole chenye sumu litavimba, litakuwa jekundu na kumchoma, na hapo unatakiwa kuliosha kwa maji mengi safi na kumpeleka hospitalini siku hiyo hiyo. Ngozi yenyewe hupona kwa wiki moja hadi tatu, na doa jeusi litakalobaki hufifia polepole.

Mfundishe yeye na ndugu zake tabia moja: mdudu akitua mwilini apulizwe, au atelezeshewe karatasi apande juu yake, asipigwe kofi. Akipigwa kwa bahati mbaya, mahali hapo paoshwe mara moja kwa sabuni na maji, kabla ya saa zile 12 kuanza kuhesabu. Wakati wa mvua, taa iwekwe mbali na meza ya kusomea au dirisha liwekewe wavu, na chandarua kichomekwe chini ya godoro pande zote.

Kuhusu mume wako, maneno yako “vimejipanga safu kama tasbihi” na “kitanda cha kamba tulichokinunua” yamenipeleka kwa kunguni. Kunguni hunyonya, huguswa, husogea kidogo na kunyonya tena, ndiyo maana alama zake mara nyingi hufuatana. Kwamba wewe huna kipele haimaanishi kwamba hawakuumi. Vipele hutokana na jinsi mwili unavyoyapokea mate ya mdudu, na wako watu wanaoumwa kila usiku bila ngozi yao kuonyesha lolote. Kagueni kitanda leo usiku kwa tochi, saa nane au saa tisa. Tazameni pale kamba inapopita kwenye tundu za fremu, kwenye viungo vya mbao na kwenye mshono wa godoro. Mtakuta madoa meusi madogo kama ya kalamu, maganda mepesi ya rangi ya kahawia, pengine na wenyewe, bapa kama mbegu ndogo ya tufaha. Mwagieni kamba na viungo maji yaliyochemka, mrudie baada ya siku chache kwa sababu mayai huanguliwa baadaye, na shuka zifuliwe kwa maji ya moto na kuanikwa juani. Kamba zilizokaliwa sana ni afadhali zitolewe na kitanda kisukwe upya. Haijathibitika kwamba kunguni huwaambukiza watu ugonjwa kwa kuwauma. Madhara yao ni mwasho, usingizi uliokatika na vidonda vya kujikuna.

Ikiwa mtakuta kitanda ni safi, basi tazama vipele vilipo. Vikiwa miguuni, chini ya magoti, fikiria viroboto, maana paka wa mji wetu huingia nyumba zote bila kubisha. Vikiwa katikati ya vidole, viganjani na kiunoni, mwasho ukizidi usiku na watu wengine wa nyumbani nao wakianza kujikuna, huo ni upele, na dawa yake hutumiwa na watu wote wa nyumba katika siku ile ile, anayewashwa na asiyewashwa.

Wifi yako hakuumwa na kitu. Uzi unaosogea ni njia ya lava, yaani mnyoo mchanga, wa paka au mbwa. Mayai hutoka na kinyesi cha mnyama, huanguliwa kwenye mchanga wenye unyevu na kivuli, na lava hujipenyeza kwenye ngozi ya mtu anayetembea peku au kulala mchangani. Katika mwili wa mwanadamu amepotea njia, hawezi kuingia ndani zaidi, basi huzunguka chini ya ngozi, milimita kadhaa au hata sentimita moja na zaidi kwa siku, huku akiacha alama yenye kuwasha sana. Asijaribu kumtoa kwa sindano. Lava huwa amekwisha kuutangulia ule mwisho wa uzi unaoonekana. Daktari atampa albendazoli au aivamektini, na atapona. Akirudi Shela avae ndara mpaka mchanga unaofikiwa na maji, na atandike mkeka kabla ya kulala.

Umeniuliza ni buibui wa aina gani, na baada ya maelezo haya yote utaona kwamba katika alama nne sijamkuta popote. Simtetei kwa kumpenda. Buibui hanyonyi damu ya mtu, kwa hiyo hana haja ya kukufuata kitandani. Huuma anapobanwa, kwa mfano ndani ya kiatu kilichokaa muda mrefu, kwenye mkono wa kanzu iliyotundikwa msumarini, au chini ya tofali unalolinyanyua. Huuma mara moja kisha hukimbia, na kwa kawaida mtu humwona au humhisi. Wale wakubwa bapa wanaokimbia ukutani usiku huwinda mende. Yuko hata buibui mdogo anayeruka, anayepatikana karibu na Ziwa Victoria, ambaye wanasayansi wamegundua kwamba huchagua kuwinda mbu walioshiba damu.

Wapo wa kuheshimiwa, na ni haki yako kuwajua. Mmoja ni buibui wa kahawia mwenye tumbo la duara na alama ya rangi ya chungwa chini yake yenye umbo la kisaa cha mchanga. Mfuko wake wa mayai una miiba midogo pande zote, nao huning'inia chini ya viti vya nje, kwenye vyungu vya maua na pembe za mabanda. Akiuma, maumivu huanza hapo hapo au ndani ya muda mfupi, na mara nyingi huishia mahali palipoumwa. Mtu akianza kutokwa na jasho jingi, misuli ikikaza, tumbo likiwa gumu na moyo ukienda mbio, apelekwe hospitalini, awe mtoto au mtu mzima. Mwingine ni buibui mkubwa mwenye manyoya, anayechimba shimo au kusuka utando kama bomba. Jino lake huuma vibaya na kuvimbisha, na misuli inaweza kukaza kwa siku kadhaa. Nge, kwa upande wake, huacha alama ndogo isiyolingana kabisa na maumivu yake. Mtoto mdogo aliyepigwa na nge, akitoa mate mengi, akirukaruka misuli au akipumua kwa shida, asicheleweshwe nyumbani kwa kisomo wala kwa jiwe la kunyonya sumu. Kisomo kinaweza kufanyika njiani.

Kuna mdudu mmoja ambaye hukumtaja, kwa sababu tumemzoea mno, naye ndiye ninayemwogopa kuliko wote katika nyumba ya Lamu. Mbu huacha kipele kidogo kinachokwisha kwa siku moja au mbili, na hakuna anayekiandikia barua. Lakini katikati ya mwaka 2004 mji wetu ulilazwa chini na chikungunya, na uchunguzi wa damu uliofanywa baadaye ulionyesha kwamba takriban robo tatu ya watu wa kisiwa walikuwa wameambukizwa. Ulikuwa wakati wa ukame, watu walihifadhi maji majumbani katika vyombo visivyofunikwa, na mbu wa mchana akazaliana humo. Watu wazima walishindwa kuinama kuchukua kiatu. Jina lenyewe limetoka kwa Wamakonde, kwa maana ya kukunjika. Wazee waliojenga nyumba kama yako walifuga samaki wadogo ndani ya birika ili wale viluwiluwi vya mbu. Kama birika lako bado lina maji na halina samaki, lifunike. Homa yoyote inayofuata siku za kuumwa na mbu, ikiwa na maumivu ya viungo au kichwa, ipimwe malaria kwanza na isitibiwe kwa kukisia.

Kwa sababu hizo sikushauri unyunyize dawa nyumba nzima. Dawa za kopo haziingii ndani ya viungo vya kitanda walikojificha kunguni, hazimfiki lava aliye ndani ya ngozi ya wifi yako, hazitibu jipu, na mdudu wa taa ataingia mwingine kesho dirisha likiwa wazi. Zitabaki kwenye vyombo, kwenye mikeka wanayokaa watoto na kwenye maji ya birika. Fedha hiyo nunua wavu wa dirisha na vyandarua.

Jambo la mwisho linahusu wadudu wote, kuanzia nyuki na nyigu mpaka siafu. Mtu akishaumwa, halafu midomo au ulimi ukavimba, sauti ikakwama, kifua kikabana, mwili mzima ukatoka vivimbe au akaishiwa nguvu, hayo si maumivu ya kawaida bali ni mzio mkali unaoweza kuua kwa dakika chache, na dawa yake ni sindano ya adrenalini. Alazwe chali, miguu iinuliwe, au akae kama anapumua kwa shida, na atafutwe mtu wa boti au wa kumbeba mara moja. Kwa aliyepigwa na nyuki, toa mwiba haraka kwa ukucha, kwa maana kila sekunde unaobaki mwilini unaendelea kusukuma sumu.

Piga picha ya alama ya mtoto kila asubuhi, ukiweka shilingi pembeni ili ukubwa uonekane, na ukimpata mdudu chini ya taa mtie ndani ya chupa ndogo umwonyeshe mhudumu. Kisha niandikie, hata mistari miwili tu, unieleze wekundu wa mguu wa mavyaa wako umefikia wapi kwenye ule mstari wa kalamu, na sukari yake walipoipima ilikuwa ngapi.